Beseni la Majani Machungu

Wapo wanaoamini kwamba kazi ikishikwa na watu wengi huisha mapema. Ni kweli, ikiwa kazi yenyewe ni kusukuma gari lililozimika. Chungu cha mboga kina mambo yake, na mboga ikiwa ni majani machungu, hapo ndipo pana kazi.

Mzee mmoja, seremala mstaafu, aliugua homa kali kwa wiki mbili. Homa ilikwisha, lakini hamu ya kula ikaondoka nayo. Uji aliusukuma, wali aliusukuma, na suruali yake ikawa haikai kiunoni mpaka ifungwe kwa kamba. Daktari hakumung'unya maneno.

"Asipoanza kula kufikia Jumatatu, tutamlaza tena tumlishe kwa mpira wa puani."

"Mpira sitaki," mzee alisema. "Nipikieni majani machungu, kama alivyokuwa akipika mama yenu."

Daktari hakuwa na ubishi na mboga. Alisisitiza tu kwamba vidonge visikatishwe.

Mama huyo alikuwa ameshatangulia mbele ya haki, lakini kichaka chake cha majani machungu kilikuwa bado kimesimama uani, kando ya bomba. Tumbo likimsokota mtu, mama alimchemshia majani yake. Wageni wakija, aliyapika kwa karanga. Aliyemshikia beseni miaka yote hiyo ni kitinda mimba wake, ambaye sasa alikuwa mshonaji wa nguo.

Basi Jumamosi asubuhi mshonaji alichuma majani ya matawi yote ya chini. Aliyakatakata, akayafikicha kwa chumvi mpaka yakatoa povu la kijani, akayakamua juisi yake ndani ya kopo na kuyasuuza mara mbili. Akaonja kidogo. Uchungu ulikuwepo, lakini uchungu wenye adabu, unaobisha hodi kabla ya kuingia. Mama yake alikuwa akiishia hapo hapo. Akafunika beseni, akaliacha lile kopo la juisi pembeni, akaenda kusagisha karanga.

Kisogo chake kilipopotea tu, dada yake akaingia jikoni. Huyu alikuwa mwalimu, na alizoea kusahihisha hata kadi za harusi za watu. Alionja jani, akakunja uso.

"Makubwa! Mtoto huyu anataka kumuua Baba?"

Akayachemsha majani yale, akamwaga maji, akayachemsha tena, akamwaga tena, kisha akayarudisha kwenye beseni na kufunika. Hakumwambia mtu. Alijiona amesaidia.

Mshonaji aliporudi aliyabandika jikoni pamoja na karanga, vitunguu na nyanya. Hakuonja, kwa kuwa alishaonja. Mara mzee akaita, mto wake umeanguka, naye akakimbilia chumbani. Hapo ndipo kaka mkubwa, fundi wa magari, alipopita jikoni na kuchota kijiko kimoja.

"Mboga gani hii, kama maji ya bomba? Dawa yote wameimwaga!" alinong'ona, akamimina kopo zima la juisi ndani ya chungu.

Mzee aliketishwa, akatiliwa bakuli. Alimeza kijiko kimoja tu. Majani yalikuwa kama karatasi iliyolowa, na mchuzi mchungu kama nyongo. Aliweka kijiko chini taratibu.

"Mama yenu hakuwahi kunipikia adhabu," alisema, akageukia ukutani.

Mshonaji alionja, akatema. Aliwaita wenzake jikoni.

"Nani kagusa mboga yangu?"

"Mimi niliyachemsha kidogo tu," mwalimu alijibu. "Nimesomea lishe, ujue."

"Nami nikarudisha dawa," alisema fundi. "Mimi ndiye mkubwa hapa. Baba akizidiwa nitaulizwa mimi."

"Kumbe ni wewe uliyeharibu!" mwalimu alimgeukia.

"Aliyeanza nani?"

Maneno yakawaka moto. Mshonaji alizaliwa wa mwisho, na katika nyumba ile wa mwisho alikuwa mtu wa kutumwa tu. Lakini kupitia mlangoni aliona mgongo wa baba yake, mifupa imejichora kwenye shati, na hofu ikampa ulimi.

"Basi! Kesho kutwa ni Jumatatu! Majani yamebaki ya juu kabisa, ya chungu kimoja, hakuna mengine. Shikamoo zenu nimewapa miaka yote, na nitaendelea kuwapa. Leo nipisheni."

Wakubwa wale walitazamana kama wanafunzi waliofumaniwa.

"Tufanye nini?" fundi aliuliza, sauti imeshuka.

"Wewe kaka nichumie yale ya juu, kisha ukae na Baba umpigishe soga. Dada, menya vitunguu. Chumvi usiiguse."

Alifikicha, akakamua, akasuuza mara mbili, akaonja, akasimama pale pale mama yake alipokuwa akisimama. Chungu kilipotokota, mkono wa mwalimu ulianza kuinyemelea chumvi.

"Dada!"

"Nilikuwa najikuna tu!" alisema mwalimu, akaficha mikono nyuma, na wote wawili wakaangua kicheko.

Mzee alichukua kijiko cha kwanza macho yamefumbwa. Alitafuna. Akachukua cha pili, kisha cha tatu, na jasho jembamba likamtoka kwenye paji la uso. Bakuli lilipokwisha alilikwangua kwa kidole.

"Hii ndiyo," alisema, machozi yakimlengalenga. "Imebaki?"

Fundi aliinuka mbio kwenda kumwongezea. "Kapika nani?" mzee aliuliza.

Zamani fundi angesema "tumepika". Safari hii alimwonyesha mdogo wake kwa kidole. "Huyu, Baba. Peke yake. Sisi tulipomsaidia mara ya kwanza, ulikaribia kulazwa."

Jumatatu daktari alimpima mzee, akasema hakuna haja ya kumlaza. Na tangu siku hiyo, mshonaji akishika beseni, kaka na dada hukaa kibarazani wakisubiri kuitwa, maana wamejionea kwa macho yao kwamba manahodha wengi, chombo huenda mrama.