Kigoda Kitupu Langoni

Hebu niambie, wewe unayenitazama kama mtu anayejua kila kitu: ungekanyaga njia inayousikia moyo wako? Usijibu haraka. Sikiliza kwanza.

Hapo zamani, na natamani zamani hiyo ingekuwa mbali kuliko ilivyo, palikuwa na njia ya biashara kutoka Busongo hadi Ilwanza. Upande huu mwamba, upande ule korongo. Njia hiyo ilikuwa hai. Msafiri akiogopa, inasinyaa. Akihuzunika, inalainika ikawa tope. Akikasirika, inapata moto kama kikaango. Akitulia, inatulia.

Ndiyo maana langoni paliwekwa kigoda, na juu yake akakaa Mwangalizi. Kila mpagazi alitangaza mizigo miwili, wa kichwani na wa moyoni: "Nimebeba majembe, nimebeba wasiwasi." Mwangalizi anamshika kifundo cha mkono, anasikiliza mapigo. Ukidanganya, mshipa unakusema. Mwenye hofu anarudi nyumbani, wala hachekwi.

Basi Mwangalizi akafa. Wazee wa baraza wakasema, "Tutateua. Mchakato unaendelea." Masika ikapita. Masika ya pili ikapita. Mchakato, process, sijui nini. Na wapagazi, watu wa mila, wakaendelea kuitangaza mioyo yao mbele ya kigoda kitupu! Wanakisalimia, wanakinyooshea mkono, wanapita. Mnacheka? Nyie mmeshavinyooshea mkono vigoda vitupu vingapi?

Mwaka huo homa ikawaingia watoto wa Ilwanza. Dawa yake ilikuwa majani ya Busongo, nayo lazima yafike mabichi, yamefungwa kwenye matambara yenye maji. Vikapu vitatu vikajazwa. Wapagazi wakagoma. "Bila Mwangalizi? Njia imeshameza wenzetu. Hatuendi tena."

Akajitokeza Masele, mpagazi wa mbele, kifua kama mlango wa ghala. Akakinyooshea kigoda mkono. "Nimebeba dawa, nimebeba utulivu." Uongo mtupu! Lakini mwanaume wa Busongo atangaze hofu mbele ya watu?

Kumwona yeye, wawili wakapata moyo. Wa kwanza Nyamizi, mjane, ambaye mumewe alipotelea kwenye njia hiyohiyo mara tu kigoda kilipobaki kitupu. "Nimebeba dawa, nimebeba msiba."

Wa pili Ndalahwa. Huyu alisoma tabia za njia miaka saba. Alipoomba kukalia kigoda, wazee walimuuliza, "Una miaka mingapi ya experience ya kukalia kigoda?" Akatangaza, "Nimebeba dawa, nimebeba hasira."

Kigoda kikakaa kimya. Kingesema nini?

Wakaondoka. Walipofika juu ya korongo, njia ikaanza kusinyaa.

"Nani anaogopa?" akauliza Ndalahwa.

"Si mimi," akasema Masele. Njia ikapungua kiganja kizima.

"Nauliza tena, kaka."

"Nimesema si mimi!" Ikapungua tena.

"Masele, baba," akasema Nyamizi, "nakuomba usikanushe mara ya tatu. Utatuua."

Tayari njia ilikuwa upana wa unyayo. Mbele hakuendeki, kugeuka hakuwezekani. Kokoto zinaporomoka, husikii zikifika chini. Nyamizi, ambaye hakumlilia mumewe hata siku moja, akasema, "Niacheni nilie." Akalia kilio cha masika mbili. Mwamba ukalainika, miguu ikazama hadi vifundoni, tope likawashika. Hakuanguka mtu.

Lakini hakuna aliyeweza kunyanyua mguu. Jua linapanda. Matambara yanakauka.

"Nitukaneni," akasema Ndalahwa.

"Nini?"

"Nitukaneni! Njia ikipata moto, tope litakauka kama tofali. Likianza kukaza, chomoeni miguu mkimbie."

Masele akajaribu. "Miaka saba umesoma njia, leo umebeba kikapu sawa na mimi niliyesomea kuchunga ng'ombe."

"Hiyo naisikia kila siku. Ongeza!"

Nyamizi akasema taratibu, "Mama yako bado anawaambia majirani kwamba utaitwa na wazee."

Weee! Njia ikawaka. Tope likavimba, likakauka, likawa ukingo mpana. Wakakimbia juu yake nyayo zikibabuka.

Wakafika Ilwanza. Vikapu viwili vizima. Cha tatu, alichobeba Ndalahwa mwenyewe, kilikuwa kimeungua kwa moto wake, unga mweusi. Watoto wa mtaa wa juu wakanywa, wakapona. Wa mtaa wa chini walikuwa tisa, wakaambiwa wasubiri kikapu kingine. Kilipofika, kiliwakuta sita.

Waliporudi Busongo, wote watatu wakasimama mbele ya kigoda, wazee wa baraza wakiwatazama.

"Nipeni mimi kigoda," akasema Masele. "Bila uongo wangu dawa isingetoka langoni."

"Bila uongo wako njia isingesinyaa," akajibu Nyamizi. "Nipeni mimi. Niliutaja moyo wangu kama ulivyo, na machozi yangu ndiyo yaliyowashika."

"Yalitushika mpaka majani yakaanza kunyauka, mama," akasema Ndalahwa. "Mimi ndiye niliyeijua njia."

"Uliijua," akasema Masele, "na kikapu ukakichoma."

Ndalahwa akainama. Lakini hakuondoka.

Haya, jamani. Kigoda ni kimoja. Je, nani alistahili? Aliyedanganya ili safari iwepo? Aliyesema kweli, machozi yake yakala muda wa wagonjwa? Au aliyeokoa kwa moto, na moto ukachagua wa kuacha?

Bishaneni nyie. Lakini ninyi wazee wa baraza, msijifiche nyuma ya ubishi wetu. Kesho asubuhi kuna msafara mwingine langoni. Tajeni jina, leo, hapa, mbele ya watu. Mkishalitaja, nendeni Ilwanza, mtaa wa chini, mkabishe hodi kwenye zile nyumba tatu, mkawaeleze wenyewe mchakato wenu ulikuwa umefikia wapi.