Mfalme Aliyetaka Meno Yake

Huko Zimbuli, enzi ambazo jua lilikuwa likiomba ruhusa kabla ya kuchwa, Mfalme Ngwali alisikia kwamba Bi Mize, msuka mikeka, ana kitabu cha kale cha kurudisha wakati nyuma. Akaamuru aletwe nacho, la sivyo atupwe kwa mamba.

"Nataka ujana wangu," alisema mfalme, akilamba mapengo yake. "Na meno yote."

"Utayapata ukisoma. Ila sura ukishaianza, usiikatishe, usije ukabaki na mguu mmoja wa kijana na mwingine wa mzee."

"Basi nipe sura ndefu kuliko zote."

"Hiyo ni ndefu mno, bwana wangu."

"Nani mfalme hapa?"

Bi Mize akamfungulia. Mfalme akasoma. Magoti yakanyooka, mvi zikatoweka, meno yakajaa. Akazidi kusoma, ndevu zikaisha, sauti ikawa nyembamba. Alipomaliza, kilemba kilikuwa kimemshukia mabegani, na meno mawili ya mbele yalikuwa yameng'oka.

Bi Mize akasogea mbele ya kiti cha enzi, akakohoa kama mtu mzima aliyekosa pa kukaa.

Mtoto akaruka chini upesi. "Shikamoo, bibi. Karibu ukae."

"Marahaba," alisema Bi Mize, akakaa. "Haya, nenda kacheze."