Mtu Aliyetaka Kujibiwa

Wapendwa, kabla hatujalifungua neno la leo, nipeni masikio kidogo. Kulikuwa na mkulima mmoja katika nchi ya baridi kama hii yetu, mtu aliyefiwa na mke akabaki na binti yake. Mkulima huyu alikuwa na hamu moja moyoni: awe wakala wa mbolea ya ruzuku, ili watu wa kijiji chake waache kulala mjini wakifuata mifuko. Akajenga duka. Mbao za shelfu akazipiga randa kwa mikono yake mwenyewe. Akapeleka maombi kwenye ofisi inayohusika, akarudi nyumbani kungoja.

Akangoja, ndugu zangu! Kila asubuhi alifungua duka lisilo na kitu, akalifagia, akaketi kwenye kigoda na kuitazama barabara. Malori ya mbolea yalipita yakienda kwingine, naye aliyasindikiza kwa macho mpaka vumbi litulie. Mnajua kukitamani kitu mpaka chakula kikakosa ladha? Ndivyo alivyokuwa. Misimu ya kupanda ilikuja ikapita, buibui wakahamia kwenye shelfu zake.

Akienda ofisini, afisa anampokea vizuri tu, na kiti anampa.

"Mzee wangu, faili lako liko mezani kwa mkubwa. Rudi wiki ijayo."

"Mwanangu, hiyo wiki ijayo nimeirudia mpaka viatu vimekwisha. Kama mmenikataa, niambieni."

"Nani amekukataa? Subira yavuta heri, mzee."

"Na ngoja ngoja yaumiza matumbo," akajibu, akaenda zake.

Msicheke. Wa nyuma kule nawaona, na najua wengine mna mafaili yenu mahali.

Mwishowe akauza ng'ombe, akatafuta wakili, akaishtaki ile ofisi. Hakushtaki kwa kunyimwa, alishtaki kwa kutojibiwa. Siku ya hukumu jaji akavua miwani, akamgeukia afisa.

"Siwezi kukuamuru umpe uwakala," akasema. "Nakuamuru umjibu kabla mwezi huu haujaisha. Mtu aliyekataliwa hujua pa kuelekea. Huyu asiyejibiwa mmemfunga kamba mguuni."

Mkulima alilia pale pale. Hakuwa amepata hata mfuko mmoja, lakini siku hiyo alijiona mtu.

Akafika nyumbani jua lingali juu. Binti akamletea maji ya kunawa, naye akamsimulia yote, akirudia maneno ya jaji na kucheka. Binti hakucheka.

"Baba," akasema, jagi mkononi, "na mimi nikashtaki wapi?"

"Umshtaki nani tena, mama?"

"Washenga walikuja leo. Wale wa ng'ambo ya mto. Tangu mwaka juzi wanakuja kuniposa, nawe unawaambia warudi wiki ijayo. Leo hata kuketi hawakuketi. Wamesema kijana wao ameposa kwingine, wamepita kuaga tu."

Mkulima akaduwaa, maji yakimchuruzika mikononi. Hakuwa na neno baya juu ya kijana yule, mchapakazi, mtoto wa watu. Ila kule ofisini yeye alikuwa mdogo, na hapa sebuleni kwake walikuja watu wa kumnyenyekea. Alionja utamu wa kubembelezwa, akautaka uendelee. Ndipo akakumbuka kwamba kila hiyo "wiki ijayo" ilipofika, binti yake alifagia uwanja kuanzia mlangoni hadi barabarani, kisha akasimama na fagio lake akitazama njia. Yeye akadhani ni usafi!

"Nimekubali," akasema. "Mwanangu, nimekubali!"

"Umemkubali nani, baba?"

Binti akammiminia maji yaliyobaki, akaingia ndani.

Ofisi ilimjibu kabla ya mwezi kuisha, tena ikamkubalia. Duka likajaa mifuko mpaka mlangoni. Na kila asubuhi akienda kulifungua, anapita kwenye uwanja ambao haujafagiwa.

Na sisi je? Sisi tunaojua kuwalalamikia wakubwa, ni nani tumemwacha amesimama mlangoni kwetu? Kuna ndugu aliyekuja kukuomba radhi ukamwambia, "Tutaona." Kuna mdogo wako aliyekuuliza habari za shamba la marehemu baba, nawe ukageuza mazungumzo. Hatuwakatai, hapana, sisi ni watu wema! Tunawaweka tu, kwa sababu anayetungoja anatufanya tujione wakubwa. Kama ni hapana, basi iwe hapana, mtu alie siku yake moja, kesho ashike njia yake. Jaji wa kutuamuru sebuleni kwetu hayupo, na anayengoja hatatupeleka popote, kwa sababu anatupenda.

Leo ukifika nyumbani, mtazame aliyeshika fagio. Usimwulize anafagia nini. Mjibu.