Aliyeitikia Wito wa Zaituni

Ahukumuye kimya huhukumu kivuli. Wajukuu wa Mzee Mfinanga waliisikia methali hii kwenye kikao cha ukoo, wakataka kujua imetoka wapi. Mzee, aliyekuwa karani wa mahakama miaka mingi, aliwaambia waketi kwanza, maana habari yenyewe haisikilizwi kwa kusimama. Ilianza hivi.

Palikuwa na binti wa Usangi, Zaituni, akifanya kazi benki mjini. Alituhumiwa kupitisha sahihi ya kughushi, akasimamishwa kazi hadi atakapoitwa na kamati ya nidhamu. Jumamosi akapanda mlimani kwa mamake, akamkuta mahututi. Jumapili mama akafariki, Jumatatu akazikwa. Matanga hayajaanuliwa, ikaja barua: Zaituni amefukuzwa kwa kukosa uaminifu. Barua ilidai kwamba kamati ilimhoji Jumanne, akanyamaza.

Zaituni aliisoma mara tatu. Jumanne hiyo alikuwa mkekani na wafiwa wenzake, na hakuna aliyemwita popote. Kupoteza kazi kulimwuma, lakini jina lilimwuma zaidi. Ukishaitwa mwizi, hata watoto wako hurithi. Akafungua shauri, na baada ya mwaka mzima wa njoo kesho, jaji akakubali kupitia upya uamuzi wa benki.

Mwenyekiti wa kamati alikuwa Bwana Kileo, mtu wa makao makuu ambaye hakuwa akimfahamu Zaituni kwa sura. Mahakamani aliapa bila kusita.

"Alikuja, Mheshimiwa. Alikaa mbele yetu saa nzima."

"Mlimwuliza jina?" jaji akauliza.

"Hapana. Mlango ulifunguka saa nne kamili, akaingia, akakaa. Tulijua ndiye."

"Akajibu nini?"

"Hakujibu neno. Na kunyamaza ni kukubali."

Jaji akamwambia Zaituni asimame. "Ni huyu?"

Kileo alimtazama. "Uso sikuuona. Alijitanda kitambaa cheupe, ameinama. Lakini mikono... mikono ilikuwa ya mtu mzima sana."

"Na hamkushangaa?"

"Tulikuwa na majalada mengi, Mheshimiwa. Nilichoshangaa ni chumba. Kilinukia kafuri."

Kila mtu mle ndani alijua kafuri hupakwa maiti. Zaituni akashika ukingo wa benchi.

Jaji akaitisha daftari la tarishi. Wito ulifikishwa Usangi, nyumbani kwao Zaituni, siku ya Ijumaa, na mahali pa sahihi palikuwa na alama ya dole gumba.

"Wewe hutia dole?"

"Hapana, Mheshimiwa. Hilo ni la mama yangu," Zaituni alisema, na machozi yakamtoka waziwazi. "Hakujua kusoma. Nilipofika Jumamosi, alikuwa hawezi tena kusema."

Habari ya kafuri jaji hakuiandika. Sheria haina kifungu cha mambo hayo. Aliandika kwamba mtuhumiwa huitwa, hutambuliwa, husikilizwa, ndipo huhukumiwa. Akabatilisha kufukuzwa kwake, akaamuru asikilizwe upya.

Kwenye ngazi za mahakama Kileo alimfuata Zaituni, jasho likimtiririka. "Binti yangu, niambie. Tulimfukuza nani siku ile?"

"Aliyepokea wito ndiye aliyeitikia, baba," Zaituni alimjibu. "Alikuja kunitetea, nanyi mkaandika kwamba amekiri."

Kamati ilikaa tena. Safari hii Kileo alisimama mlangoni mwenyewe, akamwuliza jina Zaituni kabla hajavuka kizingiti, akamshika mkono kuhakikisha una joto. Zaituni akaeleza yote kwa kinywa chake: mwenye akaunti alikuwa amepooza mkono, ndiyo maana sahihi yake ilibadilika. Wakamwita mteja, akaja na mkongojo wake, akatia sahihi mbele yao. Ilikuwa ileile waliyodai ni ya kughushi.

Wajumbe waliinamisha vichwa. Wote walikuwa wakikikumbuka kile kitambaa cheupe, na saa nzima waliyomkemea mama wa watu aliyetoka kaburini, hana ulimi. Kileo akaandika kwamba Zaituni hana hatia, akafunga jalada, akawaambia kwa sauti ya chini, "Jamani, ahukumuye kimya huhukumu kivuli."