Kiapo cha Ardhi Kavu

Mtu mmoja alikuwa na shamba la magimbi bondeni, mahali ambapo maji hayakauki hata kiangazi kikaze vipi. Jina lake Ambokile. Kijiji kizima kilijua kwamba gimbi lake hulainika mpaka babu asiye na jino anaomba aongezewe, naye alijua kwamba wanajua, ndiyo maana alitembea kifua mbele.

Mwaka mmoja Serikali ikatoa amri kwamba mabonde yenye maji yatalindwa. Tangazo lilibandikwa ofisi ya kijiji, lakini Ambokile hakwenda kulisoma. Alielezwa na dalali wa viwanja, na dalali alieleza kwa namna yake: shamba limekwenda, na dawa ni kuapa mahakamani kwamba ni kavu. Siku hizo dalali alikuwa na huruma nyingi. Yeye ndiye aliyemtafutia Ambokile wakili, na gari la kwenda mjini lilikuwa lake. Ambokile aliogopa sana, maana shamba lile aliachiwa na baba yake na hakuwa na jingine. Akatia sahihi hati ya kiapo kwamba ardhi yake ni kavu, na imekuwa kavu tangu azaliwe.

Mkewe Tupokigwe aliposikia alicheka mpaka akakaa chini. "Baba Sekela," akasema, "hata vyura watatushangaa."

Jaji akaamua kuja kuliona shamba kwa macho yake. Wiki nzima Ambokile hakupumzika. Alifyeka matete. Alitandika mbao juu ya matope na kuzifunika kwa udongo mkavu. Magimbi aliyang'oa yote, moyo ukimuuma, akayaficha jikoni. Vyura tu ndio waliomshinda.

Siku ilipofika, jaji alipita juu ya mbao zile, akaandika, akatikisa kichwa kwa kuridhika. Kesi ilikuwa inakwenda vizuri kabisa. Lakini Tupokigwe hakuzoea kuwaacha wageni waondoke na njaa, akaleta chai na sinia la magimbi ya kuchemsha. Jaji alikula moja, akachukua la pili, akauliza magimbi laini namna hii yametoka wapi.

Wakili akakohoa. Dalali akakohoa zaidi. Ambokile alivisikia vikohozi vyote viwili, na neno "sokoni" lilikuwa tayari kwenye ulimi. Lakini kulisingizia soko gimbi alilolilea kwa mikono yake, hilo hakuliweza.

"Hapa hapa, mheshimiwa," akasema. "Gimbi langu linashinda majini mwaka mzima. La nchi kavu lingekuwasha koo."

Vyura wakaitikia kutoka bondeni. Kisha jaji akacheka, akafungua jalada na kuisoma amri yenyewe kwa sauti: bonde lenye maji lisijazwe kifusi, lisichimbwe mitaro ya kulikausha, wala lisijengwe, na anayelima humo bila kulikausha aendelee kulima, yeye na watoto wake. Ambokile akaomba isomwe tena. Halafu akauliza, kwa sauti ndogo, ingekuwaje kama angethibitisha kwamba shamba ni kavu. Jaji akamjibu kwamba amri isingelilinda, na lingeweza kupimwa viwanja.

Wote wakageuka kumtazama dalali, lakini gari lake lilikuwa limeshaanza kupanda kilima. Nyuma ya nyumba alikuwa ameacha mzigo wa vigingi vyenye vichwa vyekundu, alivyokuja navyo kwa kuwa hakuwa na shaka na ushindi.

Ambokile alishindwa kesi, akakaripiwa mbele ya watu kwa kiapo chake. Kesho yake aliingia bondeni kupanda upya, akiimba, mpaka majirani wakaja kumpongeza kwa kushinda. Vigingi Tupokigwe alivitia jikoni. Vilikuwa vikavu kweli, vikawaka vizuri chini ya chungu.

Nanyi mnaonisikiliza, ni nani kati yenu anayekwenda kuapa kwamba yeye ni mkavu, na kumbe kila anachokula kimetoka majini?