Kwa Nini Barabara ya Tarapunga Inapinda

Endeleeni kumenya hivyo viazi, kisu hakihitaji masikio. Mmeuliza tena kwa nini barabara ya Tarapunga inapinda mahali pasipo mlima, wala mto, wala mwamba. Kila mgeni huuliza. Dereva wa lori la maziwa ameuliza leo asubuhi, tena kwa kupiga honi. Basi sikilizeni vizuri, mkaisimulie huko mwendako, watu wa hapa nao wapumzike.

Kabla barabara haijajifunza kupinda, Ghuba ya Tarapunga haikuwa na barabara kabisa. Kulikuwa na njia za miguu, na njia za miguu hazina ugomvi na mtu. Zikikuta shamba huzunguka. Wamaori, wenyeji wa nchi hii, walikuwa wamekaa pale vizazi vingi. Mababu zao walifika kwa mitumbwi mikubwa kutoka visiwa vya joto, na katika mitumbwi hiyo walipakia kumara, yaani viazi vitamu, mbegu zikiwa zimefungwa vizuri zisiguswe na maji ya chumvi.

Lakini nchi waliyoifikia ilikuwa na baridi ya kukata mifupa, na kumara amezoea jua. Ukimpanda kwenye udongo wa baridi ananuna, halafu anaoza. Watu wa Tarapunga wangeweza kumwacha wakala mizizi ya porini. Badala yake wakaamua kuupasha udongo joto. Walishuka mtoni, wakachota kokoto ndogo ndogo, wakazibeba kwa vikapu mgongoni hadi juu kwenye tambarare inayotazama jua, wakazichanganya na udongo. Kokoto hushika joto la mchana, na maji hayatuami. Gari hawakuwa nalo, mnyama wa kubeba hawakuwa naye. Babu alibeba, mwana akabeba, mjukuu akabeba, mpaka shamba likawa jeusi lenye kokoto tele, na kumara akakubali kuota.

Ikawa desturi kwamba mtoto akiweza kushuka mtoni na kupanda tena bila kubebwa, anafumiwa kikapu chake kidogo, na kokoto zake anazimwaga kwenye kona ya mashariki ya shamba. Kona hiyo iliitwa kona ya watoto. Udongo wake ulikuwa wa joto kuliko wote, na hapo ndipo mbegu ya kijiji kizima ilipopandwa.

Mtunza shamba siku hizo alikuwa mjane mmoja aitwaye Hinewai, mwanamke mfupi, mwenye mikono mikubwa na subira ndogo. Mwanawe wa pekee, Ngaio, alimwaga kikapu chake pale akiwa na miaka mitano. Akiwa na miaka sita surua ilishuka kutoka kwenye meli ya Wazungu, ikamchukua pamoja na watoto wengine tisa. Hinewai hakupenda kulizungumza jambo hilo. Alipolima kona ile alilima kwa mkono, bila jembe, na hakuna aliyethubutu kumuuliza kwa nini.

Sasa Wazungu walikuwa wameshaongezeka, wana serikali yao na ramani zao, na serikali ikataka barabara. Mkuu wa kijiji alikuwa Te Kapua, kaka yake Hinewai, mtu mwema ambaye udhaifu wake ulikuwa kukubali mambo kwanza na kuuliza baadaye. Alitaka ngano ya kijiji ifike bandarini. Wazungu walipomwomba ruhusa, akaitoa papo hapo.

"Kaka, umewaambia wapite wapi?" Hinewai alimuuliza.

"Nimewaambia wapite."

"Wapi?"

"Dada yangu, barabara ni barabara. Itapita inakopita."

Hinewai akarudi shambani. Alikuwa na palizi ya kufanya.

Mwezi uliofuata akaja mpima ardhi, Bwana Tulloch, Mskoti mrefu mwenye ndevu nyekundu, na kamba, na vigingi, na wachimbaji sita. Alijua Kimaori vizuri, amefundishwa na wamishonari. Alivua kofia mbele ya kila mwanamke, na alisubiri langoni mpaka alipoitwa kuingia, kama desturi inavyotaka. Angekuwa na kiburi, Hinewai angemfukuza siku ya kwanza mambo yakaisha. Tatizo la Bwana Tulloch ni kwamba alikuwa na adabu na hasikii.

Aliposimama shambani mara ya kwanza, alipiga goti, akachota udongo, akaona kokoto zimejaa tele, zinalingana, safi. Machozi ya furaha yalimlengalenga.

"Mama," alisema, "nimepima nchi hii kutoka kaskazini, kote ni matope. Hapa Mungu ameshatutandikia barabara!"

"Si Mungu. Ni sisi," Hinewai alisema. "Tumezibeba kutoka mtoni. Ukizitoa, udongo unapoa. Udongo ukipoa, mbegu inaoza. Mbegu ikioza hatuna nyingine. Pitisha barabara yako kule, nyuma ya shamba."

"Nimeelewa kabisa, mama," akasema Bwana Tulloch, akavaa kofia, akapigilia kigingi cha kwanza katikati ya matuta.

Asubuhi iliyofuata Hinewai aling'oa vigingi vyote vilivyokuwa shambani. Hakuvitupa. Alivifunga kwa kamba ya majani, akavipeleka kwenye hema la Mzungu pamoja na kumara wa kuchoma, kwa sababu mgeni ni mgeni hata akiwa kero. Akaeleza upya habari ya kokoto, udongo na mbegu, polepole, kama mtu anavyomweleza mkwe. Bwana Tulloch alikula viazi vyote, akalamba vidole, akasifu utamu wake.

"Nimeelewa kabisa, mama."

Kufika adhuhuri vigingi vilikuwa vimesharudi pale pale. Wakaendelea hivyo siku kumi na moja. Asubuhi Hinewai anang'oa, anafunga, anapeleka, anaeleza. Mchana Bwana Tulloch anashukuru, anapigilia. Mashimo ya vigingi yakawa mapana kama ya panya. Wanawake wa kijiji wakaanza kucheka, na kicheko chao kilimuudhi Hinewai kuliko nyundo. Alimwendea kaka yake.

"Kaka, mtu wako ana masikio?"

"Anayo, tena makubwa."

"Basi kamwambie wewe."

"Nitamwambia," alisema Te Kapua, na labda angemwambia kweli, ila siku hiyo hiyo ikaja habari ya msiba ng'ambo ya mlima. Msiba wa Wamaori ni siku tatu za kulala na marehemu, na mtunza shamba hawezi kukosa. Te Kapua akaenda, na Hinewai akaenda. Hakukuwa na la kufanya.

Hinewai aliporudi siku ya nne, saa ya jua kali, aliona kwa mbali kitu kinang'aa mahali kilipokuwa kinamasi, kando ya shamba. Ilikuwa barabara, imetandikwa kokoto za shambani hatua arobaini. Na kona ya watoto ilikuwa shimo.

Bwana Tulloch alikuja mbio kumlaki, amevua kofia, anatabasamu. "Tazama, mama! Hata gurudumu halizami!"

Hinewai alimpita. Aliwatazama wachimbaji. Wanne kati ya wale sita walikuwa vijana wa Tarapunga, waliofumiwa vikapu na bibi zao na kuvimwaga kwenye kona ile ile, na ghafla kila mmoja akawa na jambo la kutazama kwenye ncha ya sururu yake. Hasira zilimpanda mpaka masikio yakavuma. Akaingia ghalani, akatoka na kikapu, akapiga magoti katikati ya barabara ile mpya, akaanza kuokota kokoto moja moja, akizifuta matope kwa upindo wa nguo.

"Mama, hiyo ni barabara," Bwana Tulloch alisema.

"Hii ni mbegu."

"Lakini ni kokoto tu! Mtoni ziko tele. Nitakuletea mkokoteni mzima."

"Mkokoteni utashindilia udongo. Hapa ni kikapu, na mgongo wa mtu."

"Basi kikapu. Nitakuletea kikapu mama, uache kulia."

"Silii," alisema Hinewai, na alikuwa analia. Akainuka. "Chukua hiki. Twende."

Wakashuka mtoni, yule mwanamke mfupi mbele na yule mtu mrefu nyuma. Bwana Tulloch alizoa kokoto kwa mikono miwili, akajaza kikapu kwa dakika moja. Hinewai akakipindua. "Kubwa mno. Chagua zinazolingana na ukucha wa kidole gumba." Akachagua, akajaza tena, mgongo ukamuuma. Hinewai akakipindua tena. "Zina matope. Matope ni baridi. Osha." Akaziosha katika maji yaliyotoka kwenye theluji ya milimani, moja moja, mpaka vidole vikawa vyekundu kuliko ndevu zake. Halafu akapanda. Njia ile ni ya kushika mizizi kwa mikono. Mara mbili alianguka na kokoto zikamwagika hadi chini, na mara mbili Hinewai alikaa juu ya jiwe akamngoja azirudie. Hakumcheka. Alikuwa amechoka naye kupita kiasi cha kucheka.

Jua lilikuwa limeegemea magharibi walipofika shambani. Bwana Tulloch alimimina kikapu chake ndani ya lile shimo, akarudi nyuma kutazama kazi yake. Kokoto zake zilifunika mahali pa kutosha kofia moja.

Alitazama pale, kisha akainua macho, akatazama shamba lote. Lilikuwa kubwa. Alilitazama kutoka mwanzo hadi mwisho, na midomo yake ilikuwa inataka kusema neno, lile lile analolisema siku zote, na Hinewai alikuwa analisubiri ili ampige na kikapu. Neno halikutoka.

"Hii kona," aliuliza mwishowe, "nani aliibeba?"

"Watoto."

"Wapo wako?"

"Mmoja."

"Yuko wapi?"

Hinewai alielekeza mkono kwenye shimo, kisha kwenye barabara iliyong'aa. Bwana Tulloch akaketi chini, kofia mkononi, na hakuivaa tena siku ile.

Kesho yake Hinewai hakung'oa vigingi, Bwana Tulloch aliving'oa mwenyewe. Akavipigilia upya kwa kulizunguka shamba lote, nusu duara pana, kwenye kinamasi kibaya kuliko vyote. Te Kapua alikuwa wa kwanza kushika kikapu na kurudisha kokoto za barabarani. Wale vijana wanne wakafuata, kisha kijiji kizima. Hinewai hakumwambia kaka yake neno kwa siku mbili. Siku ya tatu alimpa chakula.

Mngedhani mambo yaliishia hapo. Hayakuishia. Bwana Tulloch aliwapelekea wakubwa wake mjini ramani yenye kona, pamoja na kurasa sita za kueleza kokoto, udongo na mbegu. Meli iliyofuata ikaleta jibu: wameelewa kabisa, sasa ainyooshe barabara. Akaandika tena, kurasa kumi. Wakajibu kwamba wameelewa kabisa. Siku hiyo Hinewai alimkuta ameketi kwenye ukingo wa shamba, barua magotini, uso umemwiva.

"Mama," alisema, "watu hawa wana masikio?"

"Wanayo, tena makubwa," Hinewai akamjibu, na kwa mara ya kwanza tangu Mzungu yule afike, alicheka.

Barua ya tatu Bwana Tulloch aliiandika fupi. Alisema barabara imekwisha, imepinda, na yeyote anayetaka kuinyoosha aje Tarapunga abebe kikapu kimoja. Hakuna aliyekuja. Yeye mwenyewe aliitwa mjini na hakupewa barabara nyingine ya kupima. Kabla ya kuondoka alipigilia kigingi kimoja pembeni ya kona, akatundika pale kikapu alichobebea.

Kokoto za kona ya watoto zilirudishwa zote zilizoonekana, lakini zilikuwa zimeshika matope ya kinamasi, na nyingine zilizama moja kwa moja. Udongo wa pale haukupata tena joto lake. Mbegu ilihamishiwa katikati ya shamba na kijiji hakikuikosa. Hinewai, hata hivyo, aliendelea kupanda kona ile kila mwaka, kwa mkono, na kila mwaka kumara wa pale walitoka wadogo, wa kujaa kiganja cha mtoto. Watu walimshauri aache. Aliwaambia waende zao.

Na tangu siku hiyo barabara ya Tarapunga inapinda. Barabara nyingi za nchi hii hazikupinda. Zilipita juu ya mashamba na juu ya makaburi, na waliozipitisha walielewa kabisa. Hii moja inapinda. Tangu siku hiyo kikapu hakijakosekana kwenye kile kigingi, kikichakaa kinafumwa kingine, na kila mhandisi anayefika na ramani ya kuinyoosha hukabidhiwa, akaonyeshwa njia ya mtoni. Na tangu siku hiyo kumara wa kona ya watoto hawauzwi wala hawawekwi mbegu. Huchomwa siku ya kwanza ya mavuno, wakaliwa na watoto kabla ya mtu mwingine yeyote.

Ndio hao mnaowamenyea watoto. Taratibu na visu, ni wadogo. Na mtakapoondoka kesho, mkifika pale kwenye kona, punguzeni mwendo, na mwambieni yule wa maziwa aache honi.