Kiboko Aliyeleta Afya Mashineni

Paukwa!
— Pakawa!
Pakawa na nini?
— Pakawa na sinia!
Sinia tupu?
— Sinia la wali!
Basi sogeeni karibu. Mwenye njaa asitoke, ngano hii ni yake.

Hapo kale palikuwa na mashine ya kukoboa mpunga. Mwenye mashine alikuwa Tembo, msimamizi alikuwa Kiboko, na wabeba magunia walikuwa wanyama wadogo, akina Kobe na Pimbi. Pimbi mnamjua: mdogo, hana hata mkia, lakini maneno anayo. Mchana mashine ikizimwa, wote waliketi kwenye sinia moja, wakala wali na maharage, wakashiba, wakarudi kazini.

Siku moja Kiboko akaenda semina ya wakubwa. Akarudi amevaa traksuti iliyombana kila mahali, filimbi shingoni.

Priii!

"Kuanzia leo, afya kwanza! Chakula cha mchana kinaleta kitambi. Saa ya chakula ni saa ya mazoezi. Mtaizunguka mashine mpaka niseme basi. Asiyemaliza hana afya, na asiye na afya hana kazi!"

"Na wali, bosi?" akauliza Kobe.

"Wali niachieni. Nitapambana nao mwenyewe."

Basi wakakimbia. Pu, pu, pu! Kila wakipita mbele ya sinia, Kiboko, tonge mkononi, anasema, "Karibuni!" Nao wanajibu, "Starehe, bosi!" Pu, pu, pu! "Karibuni!" "Starehe, bosi!"

Mtaniuliza, kwa nini waseme starehe na matumbo yananguruma? Adabu, jamani! Mama zao waliwafundisha: ukimpita mtu anakula atakukaribisha, nawe utakataa. Kiboko alilijua hilo, mlafi yule, akawa anakaribisha kwa sauti ya juu kabisa.

Siku ikafika Kobe akaanguka. Puu! Chali.

"Mnaona?" akasema Kiboko akilamba vidole. "Hayo ni mafuta yanamtoka. Kesho asipomaliza, aende kwao."

Kobe akalia. "Pimbi ndugu yangu, nikifukuzwa wanangu watakula nini?"

Pimbi akakasirika mpaka masharubu yakamsimama. "Nyamaza. Kesho utakula wali, tena umekaa."

Asubuhi Pimbi akamwendea Kiboko.

"Shikamoo, bosi."

"Marahaba. Kimbia!"

"Nitakimbia. Ila leo si Tembo anakuja kuangalia mpango wako wa afya?"

"Anakuja. Atanisifu."

"Hebu tuambizane, bosi. Mwenye afya anafanya nini?"

"Anakimbia."

"Na mgonjwa?"

"Anakaa kitako, analishwa."

"Basi Tembo akikukuta umekaa unakula, na sisi tunakimbia, atasema nani mgonjwa? Na asiye na afya, bosi, ulisema hana..."

"Nimesikia!" Kiboko akamkatiza. "Basi tutakimbia wote."

"Na wali ubaki peke yake? Tembo akiona hauna mlaji, kesho hautapikwa."

Hapo Kiboko akashtuka kwelikweli. "Sasa tufanyeje?"

"Wewe kimbia. Sisi tutakaa kwenye sinia, tujifanye ndio wagonjwa."

"Mtaikubali aibu hiyo?"

"Kwa ajili yako, bosi, tutaivumilia."

Mchana Tembo akaja. Ndu, ndu, ndu! Akaketi kivulini, akaambiwa kwamba waliokaa kwenye sinia ni wagonjwa. Priii! Kiboko akatoka mbio. Gubu, gubu, gubu! Ardhi ikatetemeka. Akafika mbele ya sinia.

"Karibu, bosi!" wakasema akina Pimbi, matonge mkononi.

Kiboko akautazama wali. Akamtazama Tembo. "Starehe!"

Gubu, gubu, gubu!

"Karibu, bosi!"

"Starehe..."

Gubu... gubu... gubu...

"Karibu, bosi!"

"Sta..." Mate yakamziba.

Wali ukashuka, ukashuka, sinia likaonekana. Kobe alikula mpaka gamba likambana. Pimbi akavuta sufuria, akaanza kukwangua. Kwaru, kwaru, kwaru!

"Karibu ukoko, bosi!"

Kiboko akatoa machozi, na Tembo akadhani ni jasho. Masikio ya Tembo yakapiga makofi, pwa! pwa!

"Kiboko, sijaona msimamizi anayejali afya kama wewe. Na hawa wagonjwa maskini, wanavyokula kwa bidii wapone! Mpango huu nimeupenda. Uendelee kila siku, hivi hivi nilivyouona. Na nasikia una sheria ya asiyemaliza?"

"Ipo, bwana mkubwa," akajibu Pimbi, mdomo umejaa. "Aliitunga mwenyewe."

"Ibaki."

Basi Kobe akabaki kazini, wanawe wakala, na Kiboko anazunguka mpaka leo. Ukipita pale mchana utamsikia, gubu, gubu, gubu, anahema.

Ngano yangu nimeitua hapo. Anayeiweza aibebe, asiyeiweza ampishe mwenzake. Funzo lake ni hili: watoto, watiini wakubwa wenu, na mjue kwamba afya ni bora kuliko wali. Maneno hayo niliambiwa na mtu mmoja, naye wakati huo alikuwa ameshashiba.